Kusadikika Imesimama Juu ya Nini?

Kila hadithi ina mahali pake. Hata ile ianzayo kwa kusema tu ya kuwa hapo kale palikuwa na mfalme, haiwezi kwenda hatua mbili bila kumpa mfalme huyo mahali pa kuweka kiti chake. Kiti chataka sakafu, sakafu yataka msingi, na msingi wataka mwamba. Mwandishi asimuliaye habari za Mombasa au za Machakos hana taabu kubwa katika jambo hili, kwa kuwa mwamba aliukuta, na wasomaji wake waujua. Lakini mwandishi abuniye nchi nzima kwa fikira zake amejitwika mzigo mwingine. Hana budi kuinua milima, kuchimba mabonde, kuteremsha mito na kutandaza udongo, na yote hayo ayafanye kwa wino. Akiisha kuyafanya, sisi wasomaji tutaipanda milima hiyo kwa miguu yetu wenyewe, na tukikanyaga jiwe linalotikisika tutalijua.

Nia ya insha hii ni kuzitazama nchi tatu za kubuni ambazo msomaji wa Kiswahili aweza kukutana nazo vitabuni, na kuuliza zimesimama juu ya nini. Ya kwanza ni nchi ya Wakukuana katika kitabu cha H. Rider Haggard, kilichotolewa kwa Kiingereza mwaka 1885, ambacho vizazi vya wanafunzi wa Afrika Mashariki vilikisoma kwa jina la Mashimo ya Mfalme Sulemani. Ya pili ni mji wa mawe ulio katika Adili na Nduguze, kitabu cha Shaaban Robert cha mwaka 1952. Ya tatu ni Kusadikika, nchi iliyo angani, ambayo mwandishi huyo huyo aliitoa mwaka 1951. Nchi ya kwanza ina miamba mingi, ya pili ina mawe matupu, na ya tatu haina hata kokoto. Je, ipi kati ya hizo ndiyo imara?

Huenda mtu akasema ya kuwa swali hili ni la mwalimu wa jiografia aliyepotea njia akaingia katika darasa la fasihi. Nchi ya kubuni, atasema, haina jiolojia. Ina mwandishi tu, naye akitaka maji yapande mlima, yatapanda. Hoja hii ina ukweli nusu. Ni kweli kwamba mwandishi ana uhuru wa kuweka sheria aipendayo. Lakini akiisha kuiweka, uhuru wake umekwisha, na sheria hiyo yamfunga yeye kama inavyomfunga msomaji. Maji yakipanda mlima katika sura ya kwanza, yasiteremke katika sura ya tano kwa sababu tu shujaa ana kiu. Mwandishi afanyaye hivyo hakubuni nchi; amebuni hila.

Basi tujiwekee mizani tatu. Mizani ya kwanza: je, ardhi ya nchi ile yatii sheria yake yenyewe? Ya pili: je, kuna watu waishio kwa ardhi hiyo, yaani walimao, wachimbao, na wachotao maji yake, au imetandazwa kama busati la kukanyagwa na shujaa tu? Ya tatu, nayo ndiyo kubwa: je, ardhi ile yachukua maana ya hadithi, au ni pambo? Nchi ipitayo katika mizani zote tatu ni adimu. Ipitayo katika ya tatu peke yake yaweza kusamehewa mengi.

Kabla ya kusafiri mbali, na tutazame ardhi tuliyo nayo chini ya nyayo zetu hapa Kathiani, ili tupate kipimo cha kweli. Vilima vinavyotuzunguka ni vya miamba ya kale mno, iliyogeuzwa kwa joto na mkandamizo mkubwa katika vina vya dunia, zaidi ya miaka milioni 500 iliyopita. Ile mistari myeupe na myeusi tuionayo katika majabali kando ya njia si rangi ya juu juu; ni alama ya mateso yaliyoupata mwamba ulipokuwa chini, umebanwa kama chuma katika koleo la mhunzi. Milima iliyokuwa juu yake imekwisha kuliwa na mvua na upepo. Sisi twalima juu ya mizizi ya milima isiyokuwapo tena.

Mashariki yetu, ng'ambo ya Mto Athi, iko ajabu kubwa zaidi. Uwanda ulioinuka wa Yatta wanyoka kama ukuta kuelekea kusini-mashariki kwa urefu unaokaribia kilomita 300, nao ni miongoni mwa mikondo mirefu ya lava iliyopata kujulikana duniani. Wataalamu wasema ya kuwa yapata miaka milioni 13 iliyopita lava ilitiririka ikafuata bonde la mto wa zamani, ikalijaza, kisha ikapoa ikawa jiwe gumu. Miaka ikapita. Ardhi laini iliyokuwa kingo za bonde hilo ikachukuliwa na mvua, bandu bandu mpaka gogo likaisha. Lakini lile jiwe gumu likabaki. Hivyo pale palipokuwa chini pakawa juu, na bonde likageuka kilima.

Msomaji mpenzi, ni mtunga ngano gani ambaye angethubutu kuandika jambo kama hilo? Mwanafunzi akiandika katika insha yake ya kuwa mto umekuwa mlima, wenzake watamcheka. Lakini ardhi yetu yenyewe imelifanya, nasi hatucheki, kwa kuwa sababu yake twaweza kuifuata hatua kwa hatua mpaka mwisho. Hapo ndipo ilipo siri yote. Msomaji hakatai maajabu. Msomaji akataa maajabu yasiyo na sababu. Hiki ndicho kipimo ambacho Yatta yatupa bure.

Sasa tuiendee nchi ya Wakukuana. Haggard alikuwa amekaa Afrika Kusini katika miaka ya 1870, na alijua mambo ya machimbo ya almasi ya Kimberley, yaliyoanza kwa vurumai mwaka 1871. Ujuzi huo waonekana katika kitabu chake. Wasafiri wake watatu wavuka jangwa lenye kiu kali, wapanda mlima mmoja wa milima miwili mikubwa iliyovikwa theluji, wakikwaruzwa miguu na lava, kisha wateremka katika nchi yenye rutuba. Mwisho wafika kwenye shimo kubwa la mviringo, na msimulizi, Allan Quatermain, alitambua shimo hilo kwa udongo wake, kwa kuwa umefanana na ule wa Kimberley. Hapo mwandishi amefanya vizuri. Hakutuambia tu kwamba kuna almasi. Ametuonyesha udongo unaozaa almasi. Msomaji aliye na shaka apewa bonge la udongo mkononi, na shaka yake yapungua.

Karibu na shimo hilo pana pango lenye nguzo za mawe zilizofanywa na maji yadondokayo, na ndani yake wamo wafalme waliokufa, wameketi mezani, wakigeuka mawe polepole kwa tone baada ya tone. Ni sura ya kutisha, tena ni sura nzuri. Lakini mjuzi wa miamba atainua mkono. Nguzo kubwa za namna ile ni kawaida ya nchi ya mawe ya chokaa, kama yale mapango ya Amboni yaliyo karibu na Tanga, ambako maji huyayusha chokaa juu na kuiacha chini. Nchi ya Wakukuana imeelezwa kuwa ni ya volkano. Chokaa hiyo imetoka wapi? Mwandishi hasemi. Alihitaji pango la kutisha, akalileta.

Hata hivyo kosa hilo ni dogo, na msomaji wa kawaida halioni. J. R. R. Tolkien, aliyetoa kitabu chake The Lord of the Rings kwa sehemu tatu katika miaka ya 1954 na 1955, alilaumiwa na wajuzi wa miamba kwa sababu safu za milima zizungukazo nchi ya adui zakunja pembe kama kuta za chumba, jambo ambalo milima haina desturi nalo. Lakini mamilioni ya watu wameivuka milima hiyo pamoja naye bila kulalamika, maana pembe zile zatimiza kazi ya hadithi: nchi ile ni gereza, na gereza lina pembe. Mizani ya tatu imeifunika ya kwanza.

Kosa la Haggard lililo kubwa liko katika mizani ya pili. Tazama ni nani aliyeifanyia kazi ardhi ile. Wakukuana wenyewe ni watu hodari, wana majeshi, wana mifugo na mashamba. Lakini barabara kuu ya mawe, masanamu makubwa na shimo la almasi, hayo yote yahesabiwa kuwa kazi ya watu wa kale waliotoka mbali. Wenyeji wameachiwa kuyatazama. Jiwe la nchi yao si lao. Limechongwa na mgeni wa kwanza na kusubiri mgeni wa pili aje kulichukua. Mwamba ngoma huvutia kwake, na mwandishi huyu alivuta upande wa watu wake.

Wala hilo halikuwa jambo la hadithi tu. Katika zama hizo hizo palikuwa na Wazungu wengi waliosema ya kuwa majengo ya mawe ya Zimbabwe Kuu hayawezi kuwa kazi ya Waafrika. Ilibidi wachimbaji wa mambo ya kale waje, David Randall-MacIver mwaka 1905 na Gertrude Caton-Thompson mwaka 1929, waonyeshe kwa ushahidi uliotoka ardhini ya kuwa Waafrika ndio waliojenga. Ardhi ilitoa ushahidi dhidi ya ngano. Kwa ajili ya haki yatupasa kusema pia kwamba Haggard mwishoni amempa mfalme Ignosi maneno ya heshima, ya kuifunga nchi yake kwa wageni watakaofuata. Lakini almasi zilikuwa zimekwisha kuingia mifukoni mwa wasafiri.

Tukiiacha nchi hiyo tukaingia katika Adili na Nduguze, twakutana tena na watu waliogeuka mawe. Adili, katika safari yake ya baharini pamoja na ndugu zake wenye husuda, afika katika mji ambao wakazi wake wote ni mawe, akamkuta binti mmoja tu aliye hai, jina lake Mwelekevu. Linganisha mawe haya na yale ya pango la Haggard. Kule wafalme wageuka mawe kwa sababu ya maji na wakati. Jambo hilo laelezwa kama mtaalamu aelezavyo. Huku watu wamegeuka mawe kwa sababu ya uovu wao. Hapana chokaa, hapana tone la maji, ila hukumu.

Kwa kipimo cha elimu ya miamba, Haggard ameshinda. Kwa kipimo cha fasihi, nasema Shaaban Robert ameshinda, na sababu yangu ni hii. Wafalme wa Haggard wangaliweza kuondolewa katika kitabu, na hadithi ingeendelea; ni tamasha la kutisha njiani. Lakini mji wa mawe hauondoki. Ndugu zake Adili wana mioyo migumu tangu mwanzo wa kitabu, na msomaji apitapo katika mji ule huona ugumu huo umetoka moyoni ukaenea mpaka ngozini. Katika lugha yetu twasema fulani ana moyo wa jiwe. Mwandishi amelichukua neno ambalo kila mtu hulitumia bila kufikiri, akalijengea mji. Jiwe hapa lina sheria yake, nayo haivunjwi: aliye mgumu kwa wenzake huwa mgumu kwa nafsi yake. Hiyo ni jiolojia ya roho, na yatii kanuni zake barabara.

Sasa tufike Kusadikika. Kila nisomapo kitabu hiki pamoja na wanafunzi, hatokosi mmoja wao kuinua mkono na kuuliza: Mwalimu, nchi hii iko angani, je, haianguki? Mwingine hufuata: maji yao hutoka wapi, ikiwa mawingu yako chini yao? Na wa tatu, ambaye kwao hulimwa mahindi na mbaazi, huuliza juu ya udongo. Wengine hucheka. Mimi sicheki, kwa sababu maswali hayo ndiyo mwanzo wa uhakiki.

Jibu jepesi ni kusema ya kuwa kitabu ni mfano tu. Jibu hili halitoshi. Mfano nao una miguu, na mfano usiosimama hauwezi kumwinua msomaji. Tazameni badala yake jinsi mwandishi alivyoiweka nchi yake. Ameipa mipaka sita. Pande zake nne amezipakanisha na pepo, juu mbingu, chini ardhi. Hapana mlima wala mto wa kuitenga na jirani zake. Sasa kila mtu wa pwani yetu ajua tabia ya pepo. Kaskazi huvuma miezi yake, kisha huondoka. Kusi nayo huja na zamu yake. Jahazi lililoletwa na upepo mmoja hungoja upepo mwingine kurudi. Nchi iliyopakana na pepo ni nchi ambayo mipaka yake haitulii. Leo jambo ni halali, kesho ni hatia, kwa kuwa upepo umegeuka.

Na hayo ndiyo yampatayo Karama. Waziri Majivuno amshtaki mbele ya mfalme kwa sababu ameanza kufundisha elimu ya sheria. Fikirini vema juu ya hatia hiyo. Hakuiba wala hakuua. Ametaka watu waijue sheria. Katika nchi yenye mwamba, jambo hilo lingekuwa sifa. Katika nchi ielekeayo upepo ni hatari, kwa maana sheria ikijulikana na wote, haigeuki tena kwa pumzi ya mkubwa mmoja. Sheria ndiyo mwamba wa nchi. Kusadikika haina mwamba kwa sababu haina sheria inayojulikana. Yaelea juu ya kusadiki kwa watu wake, nao wakiacha kusadiki itaanguka. Jina la nchi limetuambia hayo tangu jaladani.

Kwa hiyo yule mwanafunzi aulizaye kwa nini nchi haianguki ameuliza swali lile lile ambalo Karama aliliuliza mbele ya wakuu. Utetezi wake wote ni masimulizi ya wajumbe sita waliotumwa zamani katika pande zote sita: Buruhani mashariki, Fadhili kaskazini, Kabuli magharibi, Auni kusini, Ridhaa mbinguni na Amini ardhini. Kila mmoja alikwenda kutafuta jambo la manufaa kwa nchi, akarudi nalo, na malipo yake yakawa kifungo. Wajumbe hao ni kama watu waliotumwa kutafuta mawe ya msingi. Kila aliyerudi na jiwe alifungwa kwa sababu ya kulileta. Hivyo katika nchi yote ile nyepesi, jengo moja tu ndilo ambalo msomaji ausikia uzito wake, nalo ni gereza. Angani hapana mwamba wa kujengea shule, lakini gereza limepata mawe.

Mfalme aishapo kuyasikia masimulizi, Karama aachiliwa na wale waliofungwa wafunguliwa. Wahakiki wengine huona ya kuwa mwisho huu ni mwepesi mno. Mimi naona ni halali kwa sheria ya nchi ile. Nchi isimamayo kwa kusadiki hubadilika kwa kusadiki. Haikuhitaji tetemeko, ilihitaji neno la kweli lisikilizwe mpaka mwisho.

Lakini uhakiki si sifa tupu, na mwalimu apendaye kitabu asikifiche kasoro zake. Katika mizani ya pili Kusadikika yapungua. Wakulima wake hatuwaoni wakilima, wala akina mama wakichota maji. Twasikia sana sauti za baraza, twasikia kidogo sauti za njiani. Na zile nchi sita waziendeazo wajumbe zafanana kupita kiasi. Ukifumba macho na kusikiliza mafundisho yatokayo humo, ni taabu kujua umefika kaskazini au kusini, mbinguni au ardhini. Amini alipofika ardhini, ningalipenda kanzu yake irudi na vumbi. Mawazo ya mwandishi ni mazito, lakini miguu ya wajumbe wake haikuchafuka vya kutosha.

Twaweza kuelewa sababu moja. Shaaban Robert, aliyezaliwa mwaka 1909 katika nchi ya Tanga na kufariki mwaka 1962, alikuwa mtumishi wa serikali katika Tanganyika iliyotawaliwa na Waingereza. Mwaka 1951 maneno juu ya watawala wasiopenda watu wajue sheria hayakuwa maneno ya kutupwa ovyo sokoni. Nchi iliyo angani haina ramani, na isiyo na ramani haina afisa wa kuidai. Hatuna haja ya kumtia marehemu maneno kinywani. Yatosha kusema ya kuwa mahali alipoichagulia nchi yake palimfaa sana mtu wa zama zake mwenye jambo la kusema.

Iko hadithi nyingine ambayo yafaa kuwekwa karibu na Kusadikika, nayo ni ya kwetu. Wazee wa Kikamba husimulia ya kuwa miongoni mwa watu wa kwanza wako walioshushwa na Mulungu kutoka mawinguni wakatua juu ya mwamba wa Nzaui, na ya kuwa nyayo zao zingali zaonekana pale juu ya jabali. Hapo pia kuna watu wa angani. Lakini hadithi haikuwaacha angani. Imewashusha mpaka nyayo zao zikauma jiwe. Na jiwe hilo laweza kuguswa. Mjuzi wa miamba atasema mashimo yale yamefanywa na mvua na jua, nami sitabishana naye. Lakini kwa mizani zetu hadithi hiyo yapita zote: mwamba uko, watu walipata mahali pa kuishi, na maana yake yaonekana, yaani mtu ni wa juu kwa asili na wa chini kwa kazi. Shaaban Robert aliwapa watu wake mbingu ili waione haki. Wazee wetu waliwapa jabali ili walime.

Tena tusidhani ya kuwa ubunifu juu ya ardhi hufanywa katika vitabu vya hadithi tu. Katika miaka ya 1930 maafisa wa serikali ya kikoloni waliandika juu ya Machakos kama nchi iendayo kuangamia kwa mmomonyoko wa udongo, nao wakawalaumu Wakamba kwa wingi wa ng'ombe wao. Mwaka 1938 serikali ilipoanza kuwauza ng'ombe hao kwa nguvu, Muindi Mbingu aliwaongoza maelfu ya watu mpaka Nairobi kupinga. Kwa mafisa, chanzo kilikuwa ng'ombe. Kwa Wakamba, ni ardhi yao waliyonyang'anywa mpaka mifugo ikasongamana mahali padogo. Udongo ule ule ulikuwa na wasimulizi wawili. Mmomonyoko ulikuwa wa kweli. Kilichogombewa ni sababu yake.

Kisha watu wenyewe wakaingia kazini kwa majembe. Matuta ya fanya juu, ambayo udongo wake hutupwa upande wa mlimani ili ngazi zijifanye polepole, yaliufunika uso wa vilima hivi. Mwaka 1994 Mary Tiffen, Michael Mortimore na Francis Gichuki walitoa kitabu kilichoonyesha ya kuwa tangu miaka ya 1930 hata 1990 watu wa Machakos waliongezeka zaidi ya mara tano, na hali mmomonyoko ulipungua. Ile hadithi ya nchi iliyohukumiwa kufa ilikuwa na kosa lile lile la Haggard: iliona miamba na udongo, haikuona mikono ya wenyeji. Mtu asomaye vizuri habari ya Wakukuana hatadanganyika upesi na taarifa ya namna hiyo, iwe imeandikwa kwa wino wa serikali au wa gazeti. Ndiyo maana nasema uhakiki wa nchi za kubuni si mchezo wa darasani.

Basi hukumu yetu ni ipi? Nchi ya Wakukuana ina udongo wa kweli na wenyeji wasiopewa haki yao juu yake. Mji wa mawe hauna jiolojia ya vitabuni, lakini una sheria moja isiyovunjika. Kusadikika haina udongo wala mwamba, na upungufu huo ndio maana yake yenyewe, ingawa ingalizidi uzuri kama tungaliwaona watu wake wadogo wakitafuta mahali pa kukanyaga. Kwangu mimi Kusadikika ndiyo imara kupita zote, kwa kuwa ndiyo peke yake ambayo kutokuwa na msingi kwake kumetufanya tuulize juu ya misingi yetu.

Nanyi, wanafunzi, mtakapoandika hadithi zenu, bunini nchi mpendavyo. Inueni milima ya chumvi, teremsheni mito ya asali. Lakini semeni chumvi hiyo imetoka wapi, ni nani aibebaye kwenda sokoni, na mvua ikinyesha mlimani hutokea nini. Mkiweza kujibu maswali hayo matatu bila kuidanganya kalamu yenu, msomaji atakaa katika nchi hiyo pamoja nanyi, naye hatawauliza njia ya kutokea.